Filamu ya kuungaunga ya watu 60: ubovu upi tuuache, upi tuukatae?

Mwendo24 aliandika:

Wakuu, habari za leo.

Tuko kikundi cha wapenzi wa filamu, tumetawanyika Dar, Tanga, Mombasa, Kampala, Muscat na Minneapolis. Tunataka kuirudia kwa Kiswahili nusu saa ya kwanza ya Night of the Living Dead ya George Romero (1968), filamu ya kutisha ya maiti wanaofufuka, kwa mtindo wa Star Wars Uncut: filamu inakatwa vipande vya sekunde 15, kila mtu anachukua vyake, anavitengeneza anavyojua mwenyewe (huyu anaigiza na watoto wa mtaani, yule anatumia midoli, mwingine anachora), kisha tunaviunga. Dakika 30 ni sekunde 1,800, yaani vipande 120. Tuko 60, kwa hiyo viwili kwa kila mmoja.

Vifaa ni simu tu, na laptop moja ya kuhariri yenye RAM ya GB 8. Maboksi, khanga, selotepu na rangi vipo. Hatutaki kuficha kwamba hatuna hela. Tunataka ionekane, ndiyo raha yenyewe. Ila ukiangalia kolabo za aina hii, kuna zinazokushika hadi mwisho na kuna zinazochosha ndani ya dakika tatu, na zote zimetengenezwa kwa maboksi yale yale. Naomba wanaojua kazi hii waniambie tofauti iko wapi, na hasa:

Sauti tufanyeje? Simu tofauti zitaungana vipi? Na je, tuwape watu masharti, au masharti yataua ubunifu?

---

FundiMkasi alijibu:

Mkuu, tofauti iko hapa: ubovu uwe kwenye kile kinachotengenezwa kwa mikono, usiwe kwenye kile kinachobeba filamu. Boksi lililopinda, wigi la nyuzi, mzimu aliyevaa ndala, acha vyote. Lakini urefu wa kipande, mwendo wa fremu, sauti na alama za kumtambua mhusika, hivyo viwe na nidhamu ya jeshi. Zile zinazochosha mara nyingi zimefanya kinyume. Wamehangaika picha ipendeze, halafu sauti inaruka kutoka kunong'ona hadi kupasua masikio, na hujui nani ni nani.

Kuhusu masharti: Star Wars Uncut ya Casey Pugh, iliyoanza 2009, ilikuwa na masharti makali. Vipande 473, kila kimoja sekunde 15 kamili. Mtu haruhusiwi kuchukua zaidi ya vitatu, na ana siku 30 za kurudisha. Kipande kimoja kiliweza kutengenezwa na watu kadhaa, na kura za watazamaji zikaamua kipi kiingie. Ndani ya sekunde hizo 15 uko huru kabisa. Mwaka 2010 kazi hiyo ilipata tuzo ya Emmy kwenye kundi la kazi shirikishi za mtandaoni, na ndani yake kuna vyombo vya anga vya karatasi na vya jikoni.

Sekunde 15 si namba ya kubahatisha. Ni muda ambao mtu mwenye boksi tatu na mchana mmoja anaweza kuujaza. Ukimpa dakika nzima atachoka katikati, na uchovu huo utauona kwenye picha. Halafu kwa kuwa makato yanafuata saa na si sentensi, mhusika anaanza neno akiwa mtoto wa miaka minane na kulimaliza akiwa kikaragosi cha soksi. Kiungo hicho ndicho kitamu cha filamu yako. Usikifiche kwa kufifisha picha moja ndani ya nyingine. Kata kavu.

Sasa namna ya kugawa. Usimwambie mtu "chukua dakika ya 3 na sekunde 15". Mkatie kipande cha asili umpe faili, chenye sekunde 1 ya ziada mbele na 1 nyuma, jumla 17. Kipande namba 14 kinaanza sekunde ya 195, kwa hiyo unarudi hadi 194 (amri ni ya ffmpeg, programu ya kukata na kubadilisha video kwa maandishi):

`ffmpeg -i asili.mp4 -ss 00:03:14 -t 17 -c:v libx264 -crf 20 -c:a aac 014_asili.mp4`

Ile mikia miwili ndiyo itakayokuokoa. Atakayerudisha sekunde 15 juu ya alama hakuachii hata fremu moja ya kusogeza, na daima kuna aliyechelewa kubonyeza.

Kabla ya kukata, hakikisha nakala yako ya asili ina mwendo gani. Filamu ilipigwa kwa fremu 24 kwa sekunde, lakini nakala nyingi za mtandaoni ni 23.976. Tofauti ni moja kwa elfu, haionekani ndani ya sekunde 17, ila ukiweka mradi wako kwenye 24 na kutumia sauti ya nakala ya 23.976 kama kipimo, mwisho wa dakika 30 umeachana nayo kwa sekunde 1.8. Chagua moja, andika kwenye karatasi ya masharti, usibadilishe tena.

Simu ndizo zenye matatizo zaidi. Simu nyingi hazirekodi kwa mwendo ulio sawa. Imeandikwa 30, lakini kwenye mwanga hafifu inapunguza fremu, ukisogea dirishani inaziongeza. Ukiingiza faili hilo moja kwa moja kwenye programu ya kuhariri, mwanzo mdomo na sauti vinakwenda pamoja, sekunde ya 10 vimeachana. Watu wanalaumu laptop bure. Pitisha kila faili kwenye amri hii kwanza:

`ffmpeg -i 014_A.mp4 -vf "fps=24,scale=1920:1080:force_original_aspect_ratio=decrease,pad=1920:1080:(ow-iw)/2:(oh-ih)/2,setsar=1" -c:v libx264 -crf 16 -pix_fmt yuv420p -c:a pcm_s16le -ar 48000 014_A_safi.mov`

Hapo mwendo unakuwa mmoja, ukubwa mmoja, sauti 48 kHz. Faili la mwanzo usilifute.

Mambo mengine matatu ya kumwambia kila mshiriki. Azime HDR kwenye simu (hali ya kamera inayopanua mwanga na rangi), kwani ukigeuza faili la HDR bila utaratibu wake rangi zinafifia kama nguo iliyopaushwa. Afunge mwanga na fokasi kabla ya kurekodi (Open Camera ya Android ni bure na inaruhusu), la sivyo kila mzimu akipita mbele picha inapumua, inang'aa na kufifia. Na asipige chini ya taa zinazotetemeka bila kurekebisha shata (muda ambao kamera inapokea mwanga kwa kila fremu). Afrika Mashariki na Oman umeme ni hezi 50, kwa hiyo shata iwe 1/50 au 1/100. Wale wa Minneapolis wana hezi 60, wao 1/60 au 1/120. Wasipofanya hivyo, mistari myeusi itapanda na kushuka kwenye picha, na hiyo si aina ya ubovu inayopendeza. Njia rahisi kuliko zote ni kuzima taa na kutumia dirisha.

Kutuma: marufuku kutuma kama video ya kawaida ya WhatsApp, inabanwa hadi nyuso zinakuwa matope. Itumwe kama hati, inafika jinsi ilivyo, na kikomo ni GB 2. Sekunde 17 za 1080p hazizidi MB 40 kwa kawaida, hivyo vipande 120 ni karibu GB 5. Weka nakala kwenye diski mbili, zisikae nyumba moja.

---

SautiKwanza alijibu:

Naunga mkono, na niongeze pale nilipoona FundiMkasi kapita haraka: sauti.

Mna njia tatu. Ya kwanza ni kuacha sauti ya asili na kubadilisha picha tu. Ndivyo walivyofanya kwenye Night of the Living Dead: Reanimated ya 2009: wachoraji zaidi ya 100, kila mtu na mkono wake, wengine wino, wengine midoli, wengine picha za kompyuta, lakini chini yake sauti ya 1968 haikuguswa. Picha inaruka huku na huko, sikio linabaki nyumba moja. Ndiyo maana inatazamika.

Nyinyi mnataka Kiswahili, kwa hiyo njia hiyo imefungwa. Ya pili ni kila mshiriki kurekodi maneno yake. Hii ndiyo inayoharibika kuliko zote, lakini ndiyo yenye uhai: lafudhi ya Tanga inaingia kwenye ya Kampala. Ya tatu ni msimulizi mmoja juu ya yote. Mimi ningechanganya ya pili na ya tatu, ila sikilizeni kwanza namna ya kuifanya ya pili isiwe karaha.

Maneno yasirekodiwe na simu inayopiga picha. Simu iliyo mita mbili kutoka kwenye mdomo inasikia chumba, haisikii mtu. Tumieni simu ya pili, sentimita 15 hadi 20 kutoka mdomoni, imewekwa pembeni kidogo ili pumzi za "p" na "b" zisiipige. Mahali pazuri pa kurekodi ni ndani ya kabati lililojaa nguo, au mtu ajifunike blanketi zito pamoja na simu. Pangaboi na friji vizimwe. Kabla ya kusema neno la kwanza, sekunde 30 za kimya zirekodiwe hapo hapo. Kimya hicho mtakitumia kujaza mapengo. Mkiacha pengo tupu, sikio linagutuka.

Mwanzoni pigeni kofi moja mbele ya simu zote mbili. Kwenye mchoro wa sauti kofi linasimama kama mwiba, unapanga mwiba kwa mwiba.

Kusawazisha: kila sauti ya mazungumzo ipelekwe kwenye kiwango kimoja kabla ya kuunga. Kwa mfano:

`ffmpeg -i 014_sauti.wav -af loudnorm=I=-16:TP=-1.5:LRA=11 -ar 48000 014_sauti_sawa.wav`

Hiyo `-ar 48000` msiiache, kichujio hiki bila hiyo kinapandisha sampuli hadi 192 kHz na faili linakuwa zito bure. Na msikitumie kwenye vipande visivyo na maneno. Kikikuta kimya kinakivuta juu, na ghafla mnasikia shhhh ya chumba kama mvua. Vipande hivyo pandisheni kwa mkono. Filamu nzima ikishakamilika iwe karibu na -14 LUFS (kipimo cha ukubwa wa sauti jinsi sikio linavyousikia), vilele visizidi -1 dB.

Halafu zulia. Tengenezeni wimbo mmoja wa mazingira wa dakika 30 bila kukatika: vinyenze, upepo, mbwa wa mbali mara moja moja. Laza chini ya filamu yote, chini sana, karibu -35 dB. Mtazamaji hatausikia akili ikiwa kwenye hadithi, lakini viungo 119 vitalainika. Na kwenye kila kiungo sauti ya kipande kinachokuja itangulie picha yake kwa fremu 4 hadi 6. Picha mkate kavu, sauti ndiyo ishikane mikono.

Jambo la mwisho: andikeni hati moja ya mazungumzo kwa Kiswahili kabla ya kugawa vipande, mtu mmoja aipitie yote. Kila mtu akitafsiri kipande chake mwenyewe, kiumbe yule yule ataitwa mzimu, zimwi, maiti na zombi ndani ya dakika moja.

---

BintiKibokoni alijibu:

Salaam. Mimi nitasema ya mikono.

Kwanza hilo la kumjua mhusika. Star Wars hata asiyeitazama anaijua ile helmeti nyeusi. Filamu yenu watazamaji wengi wa kwetu hawajaiona, na uso wa Barbra, mhusika mkuu wa kike, utabadilika mara nne kila dakika. Bila alama moja isiyobadilika mmepotea. Katika filamu ya asili Johnny, kaka yake, ana miwani na glavu za kuendeshea gari, Ben ana sweta la vifungo, Barbra koti la rangi ya mwanga. Mimi ningegeuza hivi: Barbra ni khanga nyeupe begani, Ben ni sweta la aina yoyote, Johnny ni miwani, hata ya waya. Mdoli avae kipande cha khanga nyeupe, mchoro uwe na khanga nyeupe, kijiko kikiigiza kama Barbra kifungwe kitambaa cheupe. Na alama ionekane ndani ya sekunde mbili za kwanza za kipande. Khanga ipatikane ile yenye nyeupe nyingi. Yenye pindo jeusi pana, kwenye kamera ya simu na mwanga mdogo, inaonekana nguo ya giza tu.

Boksi: lipakeni rangi upande mmoja, kingo muziache. Kile kimkato cha mawimbi ya ndani kikionekana, mtu anaelewa kwa jicho moja kwamba hili ni boksi na hili pia ni mlango. Maandishi ya boksi la sabuni yasifutwe yote. Lakini boksi lisimame! Ukuta unaotikisika kwa sababu mlango umefungwa kwa nguvu unachekesha. Unaotikisika kwa sababu pangaboi linapuliza unamtoa mtu kwenye hadithi. Nyuma ya kila ukuta gundisheni mbavu mbili za boksi lililokunjwa pembe tatu, chini kokoto ndani ya soksi. Mbao za kuzibia madirisha zikateni kwa upana tofauti, sentimita 8, 10, 12, choreni mistari ya ubao kwa mkaa. Zikiwa sawa zote zinaonekana biskuti.

Nyundo ya boksi haina mlio. Mpige nyundo ya kweli kwenye ubao wa kweli, mrekodi, mbandike mlio huo. Picha ya uongo na mlio wa ukweli ndiyo ndoa inayofanya kazi hizi zipendeze. Hilo lifanyeni kila mahali: gari la boksi lenye vifuniko viwili vya sufuria kama taa, lakini mlio wake ni lori lenyewe.

Damu. Kwenye filamu ya 1968 walitumia sharubati ya chokoleti, kwa sababu picha haina rangi na weusi wake ulitosha. Nyinyi kama mtapiga kwa rangi: kikombe kimoja cha sukari na nusu kikombe cha maji, chemsha hadi ivutike, ipoe, kijiko cha chai cha rangi nyekundu ya chakula, kijiko cha chai cha kakao, na tone moja la kijani. Bila kakao na lile tone inakuwa sharubati ya shereheni, ya pinki. Haitoki kwenye nguo nyeupe, na nzi wataipenda, kwa hiyo ipakeni mwisho kabisa, pigeni, osheni.

Ngozi ya mzimu: uji mzito wa unga wa ngano, tishu tabaka mbili au tatu, kila tabaka likauke mbele ya pangaboi, kisha masizi na unga wa muhogo juu. Jaribuni kwanza mkononi, na msikaribie macho. Gundi za viwandani zisiguse uso wa mtu, hasa watoto.

Na bunduki. Ben ana bunduki kwenye hadithi. Iwe boksi tupu, kingo wazi, rangi ya manjano ikibidi, na isitoke barabarani. Bunduki ya mchezo inayofanana na ya kweli ikionekana dirishani, jirani hajui kama mnaigiza, na polisi pia hawajui.

---

Natete_Juu alijibu:

Kwa kuwa mna watu Kampala, waambieni wapite Wakaliga. Isaac Nabwana na Ramon Film Productions wanatengeneza filamu za mapigano mtaani kwao tangu 2005, na Who Killed Captain Alex? ya 2010 ndiyo iliyowafikisha duniani kupitia YouTube. Kitambaa cha kijani ukutani, helikopta za kompyuta, kompyuta za kuunganishwa kutoka vipuri. Tazameni kwa makini na mtaona kwamba kinachoishikilia filamu ile ni sauti ya VJ Emmie, anayesimulia juu yake na kuwashangilia waigizaji. Picha ikiyumba, yeye anaikamata. Watanzania mnalijua hilo tangu enzi za msimulizi Lufufu kwenye vibanda umiza, na Wakenya wana DJ Afro. Hii ni mali yetu, Star Wars Uncut hawakuwa nayo. Itumieni.

Msimulizi arekodi mwisho, filamu ikiwa imeshaungwa, akiitazama, si kusoma karatasi. Anapoongea, sauti nyingine zishuke dB 8 hadi 10. Anyamaze pale Barbra anapokimbia. Msimulizi asiyejua kunyamaza anakula filamu.

Somo la pili la Captain Alex ni la kuhuzunisha. Faili za mwanzo zilifutwa ili diski ipate nafasi ya filamu iliyofuata, kwa hiyo tunachokitazama leo ni nakala ya DVD yenye sauti ya VJ juu yake. Toleo lisilo na msimulizi halipo tena duniani. Alivyosema FundiMkasi, diski mbili. Na sauti ya msimulizi ikae faili lake peke yake.

Kitambaa cha kijani mkikitumia: mita 3 kwa 2, kipigwe pasi, mikunjo yote iondoke kwa sababu kila mkunjo ni kivuli na kila kivuli ni tundu. Mwigizaji akae mita moja na nusu mbele yake, vinginevyo kijani kinamrudia shingoni. Ukingo wa mtu ukionekana umekatwa kwa mkasi, sawa kabisa. Ukingo ukichemka, fremu kwa fremu, hapana. Dawa ni mwanga zaidi kwenye kitambaa, sio kusogeza vitufe.

---

Mwendo24 aliandika:

Wakuu na dada BintiKibokoni, ahsanteni mno. Yamebaki matatu. Kuna watakaoleta video za wima hata tukiwakataza. Rangi: filamu ni nyeusi na nyeupe, je, tuzigeuze zote ziwe hivyo ili zifanane? Na haki za filamu: naambiwa iko huru, ni kweli?

---

FundiMkasi alijibu:

La rangi: usifananishe. Ukizigeuza zote nyeusi na nyeupe, umeondoa nusu ya tofauti kati ya chumba cha Muscat na uwanja wa Tanga, na tofauti hiyo ndiyo umeikusanyia watu 60. Rekebisha tu kipande ambacho ni giza hadi hakionekani. Kingine kiache.

La wima: usijaze pembeni kwa ile picha iliyotiwa ukungu, inaonekana habari za ajali. Mwombe arudie. Akishindwa, mwambie akuchoree fremu ya televisheni ya zamani au mlango kwenye manila, uipige picha, uiweke video yake ndani.

Na laptop ya GB 8 haitabeba vipande 120 vya 1080p kwa pamoja. Kdenlive, programu ya kuhariri, inatengeneza nakala nyepesi za kuhariria, ziwashe, upana wa pikseli 640 unatosha. Hariri vipande 30 kwa 30, toa kila fungu faili moja, kisha unga mafungu manne.

---

SautiKwanza alijibu:

Kwa rangi sikubaliani naye kikamilifu. Dakika za mwanzo, hadi pale makaburini, ningezifanya nyeusi na nyeupe zote, kisha rangi ifunguke mzimu wa kwanza anapoonekana. Mtazamaji anahitaji muda mfupi wa kujifunza kanuni za filamu kabla hamjamrushia mitindo 60. Kwa sababu hiyo hiyo vipande vya mwanzo wapeni wenye mkono thabiti, na wachoraji waanze baadaye.

---

FundiMkasi alijibu:

Hilo la kufungua rangi nalikubali, nimelipenda. Ila la kuwapa wenye mkono thabiti vipande vya mwanzo, hapana. Kipande namba 1 kikiwa kizuri mno, mtazamaji atategemea filamu ya aina hiyo na atakiona kipande cha 9 kama kosa. Boksi lionekane ndani ya sekunde 30 za kwanza, ajue amealikwa wapi.

---

Natete_Juu alijibu:

Haki: filamu yenyewe iko huru Marekani kwa sababu ya kosa la wasambazaji. Ilikuwa iitwe Night of the Flesh Eaters. Walipobadilisha jina mwaka 1968 waliondoa tangazo la hakimiliki lililokuwa kwenye fremu ya jina la zamani, na sheria ya wakati huo ilitaka tangazo hilo liwepo. Sheria za Kenya na Tanzania zinailinda filamu kwa miaka 50 tangu itolewe, nayo imepita.

Muziki ni mlango mwingine. Sehemu kubwa ya muziki wa filamu ile ilichukuliwa kwenye maktaba ya muziki ya Capitol, iliyotumika kwenye filamu nyingine pia. Msidhani nao umefunguliwa pamoja na picha. Tungeni wenu, hata zumari moja na ngoma. Msibandike pia nyimbo za redio chini ya vipande. Mfumo wa YouTube unatambua sekunde chache tu, na dai moja kwenye kipande cha 77 linaishika video nzima. Pandisheni kwanza ikiwa imefichwa, ngojeni ukaguzi umalizike, ndipo muifungue.

Na kila mshiriki aandike ujumbe mfupi wa kukubali kipande chake kitumike, pamoja na jina analotaka lionekane mwishoni. Watoto wakiwemo, mzazi ndiye aandike. Kukusanya majina 60 baada ya filamu kutoka ni kazi ngumu kuliko kuitengeneza.

---

BintiKibokoni alijibu:

Kaka Mwendo24, usigawe vipande 120 kwa watu 60 ukalala. Panga ukijua theluthi moja hawatarudisha, si kwa ubaya, maisha tu. Gawa awamu ya kwanza kipande kimoja kwa kila mtu, siku 21. Wanaorudisha ndio wanaopata cha pili, siku 21 nyingine. Vipande vigumu, kama pale Ben anapoziba madirisha, vipe watu wawili wawili tangu mwanzo. Vikija vyote viwili vikiwa vizuri, tumia kimoja kwenye filamu na kingine juu ya majina mwishoni.

Kitakachokosekana kabisa msikiache kiwe skrini nyeusi. Watu wawili, meza, kijiko chenye sweta na kijiko chenye khanga nyeupe, mnakipiga jioni moja.

---

Mwendo24 aliandika:

Nimeandika karatasi ya masharti, naibandika hapa mnikosoe kabla sijaituma leo usiku:

Sekunde 17, tutatumia 15. Simu ilale. 1080p, HDR imezimwa, mwanga na fokasi vimefungwa. Barbra khanga nyeupe, Ben sweta, Johnny miwani, ndani ya sekunde mbili. Sauti kwa simu ya pili, kofi mwanzoni, kimya sekunde 30. Maneno ni ya hati ya pamoja, usibadilishe. Hakuna muziki. Hakuna bunduki ya kufanana. Tuma kama hati. Jina la faili: namba, herufi ya toleo, mji, mfano 014_A_tanga. Mengine yote ni juu yako.

---

SautiKwanza alijibu:

Iko vizuri. Badilisha jambo moja: kofi lipigwe baada ya kile kimya cha sekunde 30, sio kabla. Likitangulia, watu watakata kimya wakidhani ni makosa, na kofi litaondoka nacho.